Mshambuliaji wa nchi sita

Novemba 2022 jiji la Doha lilifurika watu. Ndege zilishusha mashabiki usiku na mchana, bendera za mataifa 32 zilipepea kandokando ya barabara ya Corniche, na ligi ya Qatar ilikuwa imesimama kupisha Kombe la Dunia. Mfungaji bora wa ligi hiyo katika msimu uliokuwa umepita, mwenye mabao 24, wakati huo hakuwa na timu ya taifa ya kuichezea. Si kwamba hakuitwa. Timu yenyewe haikuruhusiwa kucheza. FIFA iliifungia Kenya Februari mwaka huo kwa sababu serikali ilikuwa imelivunja shirikisho la soka na kuweka kamati yake. Kifungo kiliondolewa tarehe 28 Novemba, mechi za makundi zikiwa zinaendelea Doha.

Mfungaji huyo ni Michael Olunga. Nyumbani humwita Injinia, na jina hilo halikutoka hewani: alisomea uhandisi katika Technical University of Kenya huku akicheza ligi kuu. Alizaliwa Nairobi tarehe 26 Machi 1994. Siku alipotua Doha kujiunga na Al-Duhail, Januari 2021, alikuwa amekwisha kuvaa jezi za klabu saba katika nchi tano. Al-Duhail ikawa ya nane, Qatar ikawa ya sita.

Vijiweni wapo wanaoisoma orodha hiyo kama mashtaka. Mchezaji anayehama hivyo, wanasema, hana kwao. Ulaya ilimshinda, akaenda kwa Waarabu kula pesa. Maneno haya nimeyasikia Nairobi na nimeyasikia Dar es Salaam, kutoka kwa watu ambao Jumamosi nzima wako mbele ya televisheni wakitazama ligi ya Uingereza, na ligi nyingine kwao ni kama hazipo. Naona wamekosea. Kuhama kwa Olunga ni kazi yenyewe, na aliijifunza hatua kwa hatua kama mtu anavyojifunza useremala. Tena kazi hiyo inasimama juu ya jambo ambalo vijiweni halizungumzwi kabisa: karatasi alizoweka saini.

Tuanzie Kenya. Alipita Tusker, akapelekwa Thika United, na mwaka 2015 akavaa jezi ya kijani ya Gor Mahia. Msimu ule Gor, au K'Ogalo kama mashabiki wanavyowaita, walitwaa ubingwa bila kufungwa mechi hata moja, na Olunga peke yake alipachika mabao 19. Wasomaji wa Tanzania watamkumbuka kwa Kombe la Kagame la mwaka huohuo, Dar es Salaam. Gor walifika fainali wakachapwa 2-0 na Azam, lakini kijana yule mrefu mwenye hatua ndefu alikwisha kuwanyima usingizi mabeki wengi mjini.

Mwaka uliofuata alikuwa Stockholm. Sweden ni shule nzuri kwa mchezaji wa Afrika Mashariki. Ligi yake huanza majira ya machipuko na kumalizika Novemba, viwanja vingine ni vya nyasi bandia, na hakuna anayekusubiri uzoee baridi. Wahenga walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Mchezaji wa kigeni jembe hupewa palepale uwanja wa ndege. Olunga aliifungia Djurgården mabao 12 ya ligi katika msimu huo mmoja, na kabla hajamaliza mwaka mzima China ikapiga simu.

Hapo ndipo alipopata somo lake la kwanza gumu. Guizhou Zhicheng ilikuwa imepanda daraja, ina fedha, inataka mshambuliaji. Januari 2017 wakuu wa soka la China wakabadili kanuni: klabu isitumie zaidi ya wachezaji watatu wa kigeni katika mechi moja. Fikiria unahama bara, unaweka saini, na milango imepunguzwa. Ikabidi klabu ichague, na Olunga hakupata nafasi ya kutosha. Kiwango chake hakikuwa kimeshuka. Kanuni tu ndiyo iliyobadilika, iliyoandikwa ofisini na watu ambao pengine hawajawahi kumwona akicheza.

Kukaa kimya kungemmaliza. Akaenda Girona kwa mkopo. Girona ni mji mdogo wa Katalunya ambao mwaka 2017 klabu yake ilipanda La Liga kwa mara ya kwanza, na wenye Manchester City walikuwa wamenunua sehemu yake. Huko alikuwa akisugua benchi nyuma ya Cristhian Stuani wa Uruguay, mfungaji asiyetaka kupumzika. Tarehe 13 Januari 2018 Las Palmas walikuja Montilivi. Olunga aliingia akitokea benchi, na kipindi cha pili, ndani ya dakika zisizofika 25, alifunga mabao matatu. Mechi iliisha 6-0. Ilikuwa mara ya kwanza mchezaji wa Girona kufunga mabao matatu katika mechi moja ya La Liga, na ni Mkenya aliyefanya hivyo. Msimu ulipoisha, mkopo ukaisha, akaondoka.

Wanaomtazama kwa mbali husema alipaswa kung'ang'ania Hispania. Angeng'ang'ania vipi? Stuani hakwenda popote. Mshambuliaji anayecheza dakika kumi kila wiki mbili anazeeka haraka kuliko anayecheza tisini, hata kama anazeekea mahali pazuri.

Agosti 2018 akajiunga na Kashiwa Reysol ya Japani, na miezi michache baadaye timu ikashuka daraja. Hapa wengi wangemtafuta wakala usiku uleule. Olunga alibaki. Chini ya kocha Nelsinho, Mbrazili mzee aliyewahi kuipa klabu hiyo ubingwa, walitwaa taji la daraja la pili mwaka 2019. Siku ya mwisho ya msimu, tarehe 24 Novemba, walicheza na Kyoto Sanga. Kashiwa ilishinda 13-1. Olunga alifunga mabao manane. Manane, mechi moja, mtu mmoja. Hakuna mchezaji aliyewahi kufunga mengi kiasi hicho katika mechi moja ya ligi hiyo.

Watani wakasema ni daraja la pili. Mwaka 2020, daraja la kwanza, uwanja ukiwa nusu tupu kwa sababu ya korona, alifunga mabao 28 katika mechi 32, akawa mfungaji bora na mchezaji bora wa J.League. Patrick Mboma wa Kamerun alikwisha kuwa mfungaji bora huko mwaka 1997, lakini tuzo ya mchezaji bora haikuwahi kwenda kwa Mwafrika kabla ya Olunga. Mechi yake ya mwisho Japani ilikuwa fainali ya Kombe la Ligi tarehe 4 Januari 2021, iliyoahirishwa kwa sababu ya maambukizi ndani ya kikosi cha Kashiwa. Walifungwa 2-1 na FC Tokyo. Siku chache baadaye alikuwa Doha.

Al-Duhail ni klabu changa. Ilizaliwa 2009 kwa jina la Lekhwiya, klabu ya kikosi cha usalama wa ndani, na mwaka 2017 ikaunganishwa na El Jaish, klabu ya jeshi, ndipo ikapewa jina la mtaa wake. Uwanja wake, Abdullah bin Khalifa, unachukua watu kama 10,000, na mara nyingi huwa na nafasi ya kutosha ya kuchagua kiti. Mechi huchezwa usiku. Mwezi Agosti hata usiku huo jasho halikauki, hewa ya bahari huwa nzito, na mchezaji hujifunza kugawa mbio zake kwa kipimo. Mshambuliaji anayekimbia ovyo dakika ya 20 hataonekana dakika ya 80.

Mtu anayedhani Doha ni mahali pa kupumzikia aangalie orodha ya makocha aliowachezea pale: Sabri Lamouchi, Luís Castro, Hernán Crespo, Christophe Galtier. Kila mmoja alikuja na mtindo wake na orodha yake ya wachezaji anaowataka. Pembeni yake walipita Toby Alderweireld aliyetoka Tottenham na Philippe Coutinho aliyepita Barcelona. Wachezaji wa kigeni katika ligi hiyo huhesabiwa kwa vidole, na asiyetoa matunda kwa msimu mmoja nafasi yake huuzwa dirishani. Olunga alikuwa mfungaji bora wa Ligi ya Mabingwa ya Asia mwaka 2021 kwa mabao tisa. Msimu wa 2021/22 akafunga yale 24 ya ligi na klabu ikatwaa Kombe la Amiri. Msimu uliofuata klabu ikatwaa ubingwa wa ligi chini ya Crespo, yeye akiwa tena kinara wa mabao.

Na siku mbaya zilikuwepo. Februari 2023, nusu fainali ya Asia, Al-Hilal ya Saudi Arabia iliwatandika Al-Duhail mabao saba kwa sifuri palepale Doha. Manne yalifungwa na Odion Ighalo, Mnigeria aliyecheza Norway, Italia, Hispania, Uingereza na China kabla ya kufika Ghuba. Wahamaji wawili wa Kiafrika uwanja mmoja, na usiku ule mmoja wao ndiye aliyecheka.

Olunga si wa kwanza kutoka kwetu kupita njia hiyo. Sunday Manara wa Yanga, yule waliyemwita Kompyuta, alicheza Uholanzi na baadaye Dubai wakati ambapo habari za mchezaji aliye nje zilifika kwa barua. Doha yenyewe ilimpokea Dennis Oliech akiwa kijana asiyefika miaka 20, kutoka Mathare United kwenda Al-Arabi. Mshambuliaji mkuu wa klabu hiyo wakati huo alikuwa Gabriel Batistuta, Muargentina aliyekuwa akimalizia soka lake kwa kufunga mabao kama mvua. Mtoto wa Nairobi alijifunza kusimama ndani ya boksi karibu na mtu huyo. Kutoka pale Oliech alikwenda Nantes, kisha Auxerre, ambako mwaka 2010 alicheza Ligi ya Mabingwa ya Ulaya. Kwake Doha ilikuwa mlango wa kuingilia Ulaya, na kwa Olunga ilikuwa kituo baada ya Ulaya na Japani. Basi ile hadithi kwamba Ghuba ni makaburi ya wachezaji haisimami hata kwa Wakenya wawili tu.

Kuna njia nyingine ya Mkenya kufika Doha, nayo iliacha kidonda. Mwaka 2003 Stephen Cherono, mkimbiaji wa kuruka viunzi na maji kutoka Keiyo, alichukua uraia wa Qatar na jina jipya, Saif Saaeed Shaheen. Magazeti yaliandika kwamba aliahidiwa dola 1,000 kila mwezi maisha yake yote. Agosti mwaka huo, mjini Paris, alimshinda Ezekiel Kemboi na kuipa Qatar dhahabu ya dunia ya mita 3,000, mbio ambazo Kenya haikuwa imezipoteza katika mashindano hayo tangu 1991. Kaka yake, Christopher Kosgei, alikuwa bingwa wa dunia wa mbio hizohizo mwaka 1999, akiwa na jezi ya Kenya. Chukua muda uifikirie nyumba hiyo.

Kenya ililipa kisasi kwa karatasi. Kanuni za Olimpiki zilitaka aliyebadili uraia asubiri miaka mitatu, isipokuwa nchi yake ya zamani ikubali. Kenya ilikataa. Athens 2004 Shaheen alitazama Wakenya watatu wakizoa medali zote, na siku chache baadaye, tarehe 3 Septemba mjini Brussels, akakimbia dakika 7 na sekunde 53.63. Rekodi hiyo ya dunia ilidumu karibu miaka 19, hadi Lamecha Girma wa Ethiopia alipoivunja Juni 2023. Mtu aliyekuwa na kasi hiyo hakuwahi kupata medali ya Olimpiki.

Simlaumu Cherono. Ridhaa ni ya kila mtu, na shirikisho lililokuwa na wakimbiaji wengi kuliko nafasi halikuwa na haki ya kumwuliza kwa nini ameondoka. Lakini tofauti kati yake na Olunga iko wazi. Mmoja aliuza jina na pasipoti. Mwingine anakodisha miguu kwa muda uliotajwa mkatabani, na muda ukiisha miguu ni yake.

Hata mkataba peke yake hautoshi. Mwaka 2010 Zahir Belounis, mchezaji wa Kifaransa mwenye asili ya Algeria, aliweka saini mkataba wa miaka mitano na El Jaish, ile klabu ya jeshi iliyokuja kumezwa ndani ya Al-Duhail. Alisema hakulipwa mishahara yake, akaenda mahakamani, na kwa mfumo wa kafala uliokuwepo hakuweza kutoka nchini bila ruhusa ya mwajiri. Alikaa Doha na mkewe na watoto wadogo, akiwaandikia wakubwa wa soka duniani, hadi Novemba 2013 aliporuhusiwa kupanda ndege. Alikuwa mchezaji kamili, mwenye mkataba, na bado alikwama.

Wakenya na Waganda walio Doha wanalijua jambo hili kuliko mwandishi yeyote. Wako milangoni mwa hoteli na maduka makubwa wamevaa sare za ulinzi, wako kwenye usukani wa teksi, wako jikoni kwenye nyumba za watu. Kibali cha kutoka nchini kilianza kuondolewa mwaka 2018. Sharti la kupata barua ya mwajiri kabla ya kubadili kazi lilifutwa Septemba 2020, na kima cha chini cha riyali 1,000 kwa mwezi, pamoja na posho ya chakula na malazi pale mwajiri asipovitoa, kilianza Machi 2021. Olunga aliingia katikati ya tarehe hizo mbili za mwisho. Kwa mchezaji kuhama ni habari ya ukurasa wa nyuma wa gazeti, yenye picha ya jezi na tabasamu. Kwa mlinzi kutoka Kisii au Mbale kuhama kazi kulikuwa kosa hadi juzi tu, na hata leo ruhusa iliyo kwenye sheria haifiki kirahisi mlangoni mwa kila kampuni.

Ndiyo maana nasema kipaji cha mhamaji ni nusu tu ya hadithi. Nusu nyingine ni haki ya kuondoka na haki ya kulipwa.

Na jezi ya taifa je? Hapa wanaomwita mkimbizi wa pesa hunyamaza. Tarehe 27 Juni 2019, Cairo, Kenya na Tanzania zilikutana katika Kombe la Mataifa ya Afrika. Simon Msuva alifunga mapema, Olunga akasawazisha, na hata Wakenya hawajamaliza kushangilia Mbwana Samatta akaitanguliza tena Tanzania. Johanna Omolo akasawazisha kwa kichwa kipindi cha pili. Dakika kumi kabla ya mechi kwisha, Olunga alipiga la ushindi, 3-2. Watatu kati ya wafungaji wanne wa usiku ule walikuwa wakila mkate wa ughaibuni kwa zamu: Samatta aliyekwisha kupita Kongo na kufika Ubelgiji, Omolo naye Ubelgiji, Olunga Japani. Msuva alikuwa Moroko, na baadaye angezungukia Saudi Arabia, Algeria na Iraki. Basi ni wote wanne. Ligi zetu hazikuwa na hata mmoja wao.

Kenya imeshinda mechi mbili tu katika historia yake yote ya fainali za Afrika. Ya kwanza ni ile ya Tunisia mwaka 2004, 3-0 dhidi ya Burkina Faso, na Oliech, akiwa mchezaji wa Al-Arabi ya Doha, alifunga moja ya mabao hayo. Ya pili ni hiyo ya Cairo. Septemba 2023 Harambee Stars, timu ya taifa ya Kenya, walikwenda Qatar kucheza mechi ya kirafiki na wenyeji, mabingwa wa Asia, wakashinda 2-1. Mwaka uliofuata Kenya ilicheza mechi zake za nyumbani za kufuzu Kombe la Dunia nchini Malawi kwa sababu haikuwa na uwanja unaokubalika. Kikosi kizima kilihama kwao, na hilo halikuitwa uzururaji.

Mwaka 2027 Kenya, Tanzania na Uganda zitaandaa Kombe la Mataifa ya Afrika kwa pamoja. Olunga atakuwa na miaka 33. Wapo watakaosema zamu yake imepita na kwamba ligi anayotoka si kipimo. Wateuzi wa timu wasiwasikilize. Wahesabu mabao yake ya msimu huo, popote atakapokuwa ameyafunga, na kama yapo ya kutosha wampe tiketi ya kurudi nyumbani.